Kitabu Kilichotoka Manga

Nawaambia mapema, kabla hamjaisikia kwa watu wa Jeppestown, hapa Johannesburg, ambao wanaisimulia vibaya na kucheka katikati: mjinga kwenye hadithi hii ni mimi. Si mjinga kidogo, mjinga wa kupigwa picha. Lakini nyie wadogo zangu mmeniuliza kazi ya kusimulia ilikuwaje, na mimi ndiye mstaafu pekee mnayemjua ambaye bado ana meno yote. Basi kaeni.

Ndiyo, nimestaafu, na mvi sina hata moja. Kazi ndiyo iliyozeeka, mimi bado. Simu za bando zikishaingia kila mfuko, nani tena atatoka La Rochelle na mvua ile kuja kumsikiliza Dulla wa Tanga akisoma vitabu vya katuni? Lakini miaka ile walikuwa wanakuja. Jumamosi mchana, kwenye karakana ya kushonea ya Maalim Hamza, mzee wa Kiunguja. Tunasukuma cherehani ukutani, tunapanga viti vya plastiki, wanakaa wasusi, mafundi, walinzi waliotoka zamu, Wakongo, Warundi, sisi Watanzania, na mimi nasimama mbele na kitabu kifuani. Watoto wao walikuwa hawaji. Wale wamezaliwa hapa, Kiswahili wanakisikia lakini wanakujibu kwa Kizulu ama Kiingereza, na vitabu walikuwa wanajisomea wenyewe. Angekuja mmoja tu, haya yote yasingetokea.

Aliyenifundisha ni Kaka Sudi, ambaye nyumbani alikuwa anatafsiri filamu za Kihindi kwenye kibanda cha video, na Kihindi chenyewe hajui. Aliniambia, "Dulla, ukifika kwenye neno la Kiingereza usilolijua, usisite. Kohoa. Mgonjwa anaonewa huruma, mjinga anazomewa." Ndiyo maana watu wa Jeppestown walikuwa wananiletea tangawizi. Darasa la saba langu lilinipa Kiingereza cha kusoma kibao cha barabarani na kununua mkate, kilichobaki chote nilikikohoa.

Akanifundisha pia kuonyesha picha polepole, kuanzia kushoto kwenda kulia, kama unayempitishia mtu sinia la pilau. Halafu akanifundisha majina. Majina ya kigeni yanawalaza watu, aliniambia, wape wahusika majina ya waliokaa mbele. Mtu akisikia jina lake hawezi kusinzia. Hilo la majina ndilo lililoniponza, lakini Kaka Sudi simlaumu, yeye alikuwa anafanyia filamu za ngumi.

Mimi na vitabu vya Kijapani tulikutana mjini, karibu na stendi ya teksi, kwa jamaa mmoja aliyekuwa anatandaza vitabu vya mtumba chini kwenye nailoni. Alikuwa na boksi la vitabu vidogo vinene, picha tupu ndani, maneno ya Kiingereza kwenye mapovu. Nikamuuliza ni vitu gani hivi. Akasema, "Manga."

Sasa kwetu Tanga Manga ni Uarabuni. Mmanga ni yule Mwarabu wa Maskati aliyekuja na tende na halua. Nikamwangalia yule jamaa, nikaangalia picha, watoto wana macho kama visahani, nikasema moyoni, Waarabu wa siku hizi wamebadilika. Nikabeba boksi zima.

Ukurasa wa mwanzo kabisa wa kitabu kimoja ulikuwa na mkono umenyooshwa, kiganja mbele, na lile neno la kwenye vibao vya barabarani, la kusimama. Maandishi madogo yakafuata mengi. Nikajua hawa ni watu wa hakimiliki, wanatisha wanaonakili. Nikauchana ule ukurasa nikafunikia chai.

Nikapekua boksi lote, na ngoja niwaambie kitu kuhusu vile vitabu, kama nilivyokuja kuvielewa baadaye. Vingi vilikuwa hadithi moja imevaa nguo tofauti. Shule zinafungwa. Joto linapanda mpaka barabara inaonekana kama inachemka. Mtoto wa mjini anapelekwa kijijini kwa bibi yake, anakutana na wenzake watatu wanne, wanapanda baiskeli, wanakata tikiti maji, wanawasha fataki mtoni. Mmoja anampenda mwingine na hasemi. Hakuna vita, hakuna mzungu mwenye bastola. Halafu shule zinafunguliwa, na unawatazama usoni, unaona kabisa kwamba hakuna hata mmoja aliyerudi yule yule. Kuna kitu kimewakuza ghafla, na mara nyingi kitu hicho ni kwamba mmoja wao hayupo.

Neno la Kiingereza la msimu ule nililitafsiri "kiangazi". Fundi mmoja Mrundi akanikatiza, "Kiangazi gani, na huku nje mvua ya mawe imetoboa gari la watu?" Kweli, joto la Johannesburg linakuja na radi zake. Nikabadilisha, nikawa nasema "likizo ya Disemba". Wote wakaelewa, kwa sababu kila mzazi wa hapa anaijua Disemba: shule zimefungwa, wewe uko kazini, mtoto yuko nje huko na wenzake, humwoni.

Na kwenye vile vitabu, kila joto likipanda, kuna maandishi makubwa ya Kijapani yamechorwa juu ya picha, yanapita kwenye miti na mapaa ya nyumba, hayakutafsiriwa. Mwanzo nilidhani ni talasimu. Nikayaogopa. Baadaye nikaona karibu nayo daima kuna mdudu amekaa kwenye mti, nikajua ni sauti ya nyenje, wale wanaopiga kelele jua likiwa kali. Nikawa naifanya ile sauti kwa meno yaliyofungwa, niii, niii, na watu wakaizoea, wakawa wananisaidia, karakana nzima inavuma.

Basi ikafika Disemba moja, nikachagua kitabu kinene kuliko vyote. Kilinifaa kwa sababu kilianza na msiba, na msiba unawakalisha watu. Watoto watatu wamesimama ukingoni mwa bwawa, wanatupa maua majini. Nikatafuta jina la kumpa yule msichana wanayemlilia. Siku hiyo mbele kabisa alikuwa amekaa baba mmoja Mkongo sijawahi kumwona, mtu wa Uvira, amevaa sare ya ulinzi, kofia ameiweka gotini. Wakati anaingia nilisikia watu wanamsalimia, "Papa Furaha, karibu. Papa Furaha, kaa hapa." Jina zuri, jepesi mdomoni.

Nikasema, "Watoto hawa wanamlilia mwenzao. Msichana anaitwa Furaha. Maji yamemchukua."

Karakana ikanyamaza. Cherehani ya Maalim, ambayo huwa haisimami hata kwa radi, ikasimama. Na mimi nikafurahi. Nikasema kimoyomoyo, Dulla, leo umewashika.

Ukurasa uliofuata nikaona maua yapo mikononi, halafu ukurasa mwingine kofia ya majani inaelea, halafu mkono, halafu huyo, msichana yuko ukingoni, mzima, nywele zimelowa. Nikaunganisha mwenyewe, maana ndiyo kazi. Nikasema, "Wameyapa maji maua ili maji yaridhike. Maji yameridhika. Yamerudisha kofia kwanza, kisha yeye." Mwanamke mmoja nyuma akasema, "Yesu," kwa sauti ndogo sana. Nikamaliza pale, sehemu ya utamu, kama Kaka Sudi alivyonifundisha. Papa Furaha akaja akanishika mkono kwa mikono yake miwili. Mikono ilikuwa baridi kama ya mtu aliyekuwa anafua.

Jumamosi iliyofuata watu walijaa mpaka mlangoni. Papa Furaha palepale mbele, na pembeni yake kiti kimoja kitupu. Watu wamesimama, wamebanana, lakini kile kiti hakuna aliyekikalia. Nikajua amemwekea mtu nafasi. Mtu hakuja. Jumamosi nyingine hivyo hivyo, kiti kipo, mtu hayupo.

Kile kitabu kilikuwa na mambo. Kwanza watoto walikuwa wanazidi kuwa wadogo kadiri unavyosoma. Nywele zao zinapungua, mashavu yanajaa, makovu magotini yanapona. Pili, mazungumzo yao. Mmoja anasema, "Ndiyo, nitakuja," halafu ndipo mwenzake anauliza, "Kesho utakuja mtoni?" Niliwaeleza watu, "Hawa ni watu wa adabu, wanajibu kabla hujajisumbua kuuliza." Wakacheka. Papa Furaha hakucheka. Alikuwa anamtazama yule msichana kwenye picha, na kila nikilipitisha sinia langu kushoto kwenda kulia yeye macho yake yalikuwa yanakwenda kinyume na yangu. Niliona, nikadhani ni uchovu wa zamu.

Kuna Jumamosi umeme ulikatika katikati ya usomaji. Tulikuwa tunavuma ile sauti ya nyenje, wote, niii, niii. Nikanyanyua mkono kuwanyamazisha niendelee. Sauti haikukoma. Nikadhani kuna mtu wa mzaha, kwa hiyo nikawaangalia midomo, mmoja mmoja, mstari kwa mstari. Midomo yote ilikuwa imefungwa. Cherehani zimelala, umeme hakuna, feni imesimama. Ile sauti ilikuwa mbele, chini, karibu na kile kiti. Maalim akasema kwa upole, "Soma, Dulla. Endelea kusoma." Nikasoma, na sijui nilisoma nini. Watu walipotoka nikaja kukusanya viti. Kile kiti kilikuwa kimelowa. Nikatazama juu, bati kavu, nje jua.

Mimi ni mtu wa mzaha. Nikamwambia Maalim, "Mteja wako ametoka kuoga." Maalim akachukua kitambaa, akakifuta kile kiti taratibu.

Wiki ile alikuja mke wa Papa Furaha. Mama Furaha alikuwa anasuka watu La Rochelle, mwanamke mnene, mpole, vidole vina alama za uzi wa rasta. Alinikuta naokota vipande vya kitambaa, akakaa kwenye kiti cha wateja, akaniuliza, "Mutoto ya watu, nani alikutuma?"

"Kunituma nini, Mama?"

"Kusema jina ya mutoto yangu."

Hapo ndipo nilipojua kile ambacho karakana nzima ilikuwa inakijua. Disemba ya mwaka uliopita Furaha, binti yao wa pekee, miaka kumi na minne, alikwenda na wenzake kwenye ule mto mdogo unaopita nyuma ya nyumba za watu, ambao siku nyingi hata bata hauwezi kumwosha. Mvua ikawa imenyesha juu huko. Maji yakaja mara moja. Wenzake wawili walitoka. Yeye walipata kofia.

"Mbona hamkuniambia?" nikamuuliza Maalim, ambaye alikuwa amekaa pale.

"Tulidhani unajua," Maalim akasema. "Tulidhani unafanya makusudi. Watu wengine walidhani ni dua."

Mama Furaha akaendelea. Mwili haukupatikana, na mumewe alikataa matanga. Kanisa lilimbembeleza mwaka mzima. Pole pole alikuwa ameanza kulainika, hata siku ya ibada walikuwa wanaitafuta. Halafu mtu akamwambia, njoo Jumamosi upumzishe kichwa, kuna kijana wa Tanga anasoma vichekesho. "Sasa anasema tusubiri. Anasema, Dulla bado hayamaliza, mutoto iko njiani. Usiku hafungi mlango. Juzi alinunua viatu vya shule." Akanionyesha kwa kiganja ukubwa wa viatu. "Vya miguu ya huyu mwaka, si ya mwaka jana. Alihesabu na kukua. Mimi mume wangu ananipotea, Dulla. Wewe ndiye ulimuleta huyu mutoto. Wewe umumalize."

Alipoondoka nikampa Maalim kitabu, nikamwambia anisaidie kutafuta namna ya kumaliza. Maalim akavaa miwani, akakipokea, akakigeuza, akafungua kwa nyuma, akaanza kupekua. Nikamwambia, "Maalim, huko ni mwisho."

Akaniangalia juu ya miwani. "Dulla, wewe ulisoma chuo cha Kurani?"

"Nimehitimu juzuu, Maalim, bakora zake ninazo mpaka leo."

"Na juzuu inafunguliwa wapi?"

Nikakitazama kitabu mkononi mwake.

"Umeambiwa kitabu ni cha Manga, ukaamini kimetoka Manga, halafu ukakifungua kama gazeti." Hakucheka. Angecheka ningepona. "Kinasomwa kulia kwenda kushoto, mwanangu. Ulichokuwa unawasomea watu mwezi mzima ni mwisho kurudi mwanzo."

Hapo nikauelewa ule mkono wa kusimama niliouchana nikafunikia chai. Nikakaa chini nikakisoma upya kama juzuu, na kila kitu kikakaa mahali pake. Watoto wakakua badala ya kusinyaa. Swali likaja kwanza, jibu likafuata. Msichana wa mjini anafika kijijini, likizo inaanza, wanacheka, anakwenda mtoni, mkono, kofia, maua. Mwisho. Kitabu kizima kilikuwa kinampeleka majini, na mimi nilikuwa nimemtoa kwa ujinga tu.

Nilikuwa nimebakiza kurasa chache za mwisho, yaani za mwanzo. Maalim alisema nisimame mbele za watu, niseme nilikosea, nigeuze kitabu. Mama Furaha alisema nimalize. Mimi sikujua nitasema nini, nikasema nitakohoa.

Jumamosi ya mwisho kabla ya shule kufunguliwa, mbingu iliiva tangu asubuhi. Watu wote walikuja, Mama Furaha kwa mara ya kwanza akiwemo, amesimama mlangoni na mwavuli. Papa Furaha alikuwa mbele, amevaa suti badala ya sare, mapajani ana kofia na boksi la viatu. Kiti cha pembeni kipo, kitupu. Mara mvua ya mawe ikaanza kupiga bati, umeme ukaondoka, tukabaki na mwanga wa mlangoni tu, wa kijivu. Na chini ya kelele ya mawe nikaisikia tena ile sauti, niii, ya jua kali, na jua lenyewe hakuna.

Nikasoma mpaka ukurasa wa mwisho. Ulikuwa na picha moja kubwa. Basi limesimama kwenye barabara ya vumbi, mashamba pande zote, wenzake hawapo. Msichana yuko kwenye ngazi ya mlango wa basi, mguu mmoja ndani, mguu mmoja hewani, kofia ameinyanyua mkononi, uso ametugeukia sisi. Mapovu ya maneno hakuna. Nilijua ni nini. Ndiyo anafika. Ndiyo kwanza anashuka, kila kitu bado, wenzake hajakutana nao, maji hajayaona. Nikaipitisha ile picha, kushoto kwenda kulia, taratibu, kama nimebeba sinia la watu mia.

Papa Furaha akainua kichwa. Akaniuliza kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayeulizia teksi.

"Anashuka ao anapanda, mutoto yangu?"

Wadogo zangu, nimefanya kazi ile miaka, nimewachekesha watu wenye njaa, nimewachekesha watu wanaosubiri polisi wa vibali. Nilitafuta mzaha mmoja tu, sikuupata. Hata kikohozi hakikuja. Nilimtazama mke wake kule mlangoni. Nikikisoma kitabu kama kilivyoandikwa, anashuka. Anashuka na kesho ataulizia njia ya mtoni, na usiku huu mlango wa mtu utabaki wazi.

Nikasema, "Anapanda, Papa."

Akatikisa kichwa, pole pole. "Amegeuka kuaga?"

"Amegeuka. Kofia ameinyanyua."

"Analia?"

Nikaangalia picha vizuri. "Hapana. Anacheka."

Mawe yanapiga, ile sauti inavuma. Kisha akachukua lile boksi la viatu, akaliweka juu ya kile kiti kitupu, akavaa kofia yake, akasema, "Bon, sawa. Basi lisichelewe." Akaenda mlangoni kwa mke wake. Yule mama alifungua mwavuli, wakatoka wote wawili ndani ya ile mvua ya mawe bila kuharakisha. Sijui sauti ilikoma saa ngapi. Nilipokuja kukusanya viti kile cha mbele kilikuwa kikavu, ila boksi la viatu lilikuwa limelowa mpaka karatasi imelegea, na viatu ndani havikuwa na tone.

Matanga yakafanyika, kanisa lilijaa, sisi Waislamu tulikaa nje tukipika. Mimi sikusoma tena kitabu cha Kijapani. Na hapo ndipo nilipokuwa namalizia hadithi hii zamani, mpaka siku nilipomwona tena Papa Furaha.

Alikuwa kazini, kwenye yale maduka makubwa ya kaskazini, mimi nimekwenda kununua chaja. Sikuwa najua analinda wapi. Alikuwa amesimama mlangoni mwa duka la vitabu, anapiga mhuri risiti za wanaotoka. Amenenepa, amepumzika usoni. Tukasalimiana sana. Nikajikaza nikamuuliza kuhusu kile kiti, kwa nini alikuwa anamwekea mtu nafasi.

"Kile kiti?" akasema. "Nilijua ni wewe ulikuwa unaweka."

Nyuma yake, sakafuni, walikuwa wamekaa watoto wa shule, kila mmoja na kitabu kinene kidogo mapajani, wanafungua kutoka kulia. Akaona ninavyowatazama. Akapiga mhuri risiti ya mtu, akamwambia asante, akanigeukia.

"Dulla, mlango huu niko nasimama miaka mingi. Hawa batoto banakuya kila siku. Ile Jumamosi ya kwanza ulisimama mbele yetu, nikaona kitabu umeshika mubaya, nikataka kukwambia. Lakini ukasema jina yake, na akatoka. Kama ningekwambia geuza, angerudi mu maji."